Mohammed Dewji

Mohammed Gulamabbas Dewji (anajulikana zaidi kwa jina la Mo Dewji au Mo, amezaliwa Singida, 8 Mei 1975) ni mfanyabiashara na mwanasiasa wa zamani nchini Tanzania. Ni mkuu wa MeTL Group, kampuni ya familia yake ambayo miongoni mwa biashara zake kubwa ni usafishaji wa mafuta ya kula, utengenezaji wa sabuni na nguo, na uuzaji wa bidhaa za petroli. Kuanzia mwaka 2005 hadi 2015 alikuwa mbunge wa jimbo la Singida Mjini kwa tiketi ya Chama cha Mapinduzi (CCM).

Maisha yake yanatajwa mara nyingi pale Watanzania wanapojadili uhusiano wa biashara na siasa. Dewji ni wa kizazi cha kwanza cha wafanyabiashara wakubwa walioingia bungeni baada ya masharti ya uongozi ya Azimio la Arusha kulegezwa. Pia ni mmoja wa wachache walioondoka bungeni kwa hiari yao na kurudi kwenye biashara.

Familia na utoto

Dewji alizaliwa katika mtaa wa Ipembe, mjini Singida, akiwa mtoto wa pili kati ya watoto sita wa Gulamabbas na Zubeda Dewji. Familia yake ina asili ya Gujarat, Uhindi. Kama familia nyingi za Kihindi zilizohamia bara, iliishi kwa biashara ya duka: kununua mazao ya wakulima wa vijijini na kuwauzia chumvi, sukari, nguo, sabuni na mafuta.

Singida iko katikati ya Tanzania, kwenye eneo lenye mvua chache. Wakazi wake wengi hulima mtama, uwele, vitunguu na alizeti, na hufuga ng'ombe, mbuzi na kuku. Kwa muda mrefu mkoa huo ulihesabiwa kati ya mikoa maskini nchini. Reli ya kati haikupita mjini humo, ingawa baadaye tawi lilijengwa kutoka Manyoni.

Katika miaka ya 1970 baba yake aliikuza biashara ya familia kuwa kampuni ya kununua na kuuza bidhaa. Kampuni hiyo ndiyo chanzo cha Mohammed Enterprises Tanzania Limited, kwa kifupi MeTL.

Elimu

Dewji alisoma katika Shule ya Msingi Arusha, kisha akaendelea na masomo ya sekondari katika Shule ya Kimataifa ya Tanganyika (IST) jijini Dar es Salaam. Mwaka 1992 baba yake alimpeleka Marekani, kwenye chuo cha gofu cha Arnold Palmer huko Orlando, jimbo la Florida. Akiwa katika jimbo hilo alisoma Trinity Preparatory School, kisha akahamia shule ya Saddlebrook, alikomaliza sekondari na kuchaguliwa kuwa rais wa baraza la wanafunzi.

Baadaye alijiunga na Chuo Kikuu cha Georgetown mjini Washington, D.C. Alihitimu mwaka 1998 katika biashara ya kimataifa na fedha, akiwa amesoma pia theolojia kama somo la ziada. Mwaka huo wa 1998 alirudi Tanzania.

Biashara

Aliporudi nyumbani alianza kazi katika kampuni ya baba yake, na baada ya muda mfupi akawa msimamizi wake wa fedha. Wakati huo MeTL ilikuwa bado kampuni ya uchuuzi: iliagiza bidhaa kutoka nje na kuzisambaza mikoani, na ilinunua mazao ya wakulima ili kuyauza nje ya nchi.

Kurudi kwake kuliangukia kipindi cha ubinafsishaji. Chini ya Rais Benjamin Mkapa (1995-2005) serikali iliuza mamia ya mashirika na viwanda vya umma kupitia Tume ya Rais ya Kurekebisha Mashirika ya Umma (PSRC). Viwanda vingi vilikuwa vimesimama au vilizalisha kidogo kuliko uwezo wake, mitambo ilikuwa imechakaa na madeni yalikuwa makubwa. Aliyekuwa na fedha taslimu na mtandao wa kusambaza bidhaa aliweza kununua kwa bei nafuu.

MeTL ilitumia nafasi hiyo ikahama kutoka uchuuzi kwenda uzalishaji. Ilichukua viwanda vya nguo, kikiwemo kile cha Morogoro kinachoitwa 21st Century Textiles, na mashamba ya mkonge yaliyokuwa yamedorora. Baadaye ilianza kusaga nafaka, kutengeneza sabuni, na kuuza vinywaji kwa majina ya Mo Cola na Mo Xtra. Kampuni yake ya Star Oil inauza bidhaa za petroli. Dewji na kampuni yake husema kwamba mapato ya mwaka yalipanda kutoka takriban dola milioni 30 za Marekani mwishoni mwa miaka ya 1990 hadi zaidi ya dola bilioni 1 katika muongo wa 2010.

Mwaka 2013 Dewji alikuwa Mtanzania wa kwanza kutokea kwenye jalada la jarida la Forbes Africa, na mwaka 2015 jarida hilo lilimtaja kuwa Mtu wa Mwaka barani Afrika. Forbes imemweka kwa miaka kadhaa miongoni mwa mabilionea wenye umri mdogo zaidi barani.

Biashara ya mafuta ya kula

Miongoni mwa shughuli za MeTL, usafishaji wa mafuta ya kula ndio unaogusa moja kwa moja jikoni mwa Watanzania wengi. Kazi hiyo hufanywa na kampuni yake ya East Coast Oils and Fats, jijini Dar es Salaam.

Mafuta ghafi ya mawese huletwa kwa meli, hasa kutoka Malaysia na Indonesia, na kusukumwa kwa bomba kutoka bandarini hadi kwenye matangi. Kiwandani huondolewa utomvu, huchujwa kwa udongo maalumu unaopunguza rangi nyekundu, halafu hupitishiwa mvuke wa joto kali ili kuondoa harufu. Baada ya hapo hupoozwa polepole hadi yatengane sehemu mbili. Sehemu inayobaki kimiminika huuzwa kama mafuta ya kupikia kwenye chupa, madumu na ndoo, na wenye maduka huyapima upya kwa wateja wanaonunua kidogo kidogo. Sehemu inayoganda hutumika kutengeneza mafuta ya mgando na sabuni. Ndiyo sababu kampuni zinazosafisha mawese kwa kawaida hutengeneza pia sabuni.

Biashara hii inategemea sana kodi ya forodha. Ushuru wa mafuta ghafi ukiwa mdogo, viwanda vya bandarini hupata malighafi kwa bei nafuu na mlaji hupata unafuu dukani. Lakini mkulima wa alizeti wa Singida, Dodoma au Manyara hulazimika kushindana na bei hiyo. Ushuru ukipanda, mkulima na mwenye kinu kidogo cha kukamua hupata nafuu, na mpishi wa nyumbani hulipa zaidi. Tanzania huagiza kutoka nje zaidi ya nusu ya mafuta ya kula inayohitaji, hivyo kila badiliko la ushuru huhisiwa haraka sokoni.

Hali hiyo ina kinaya chake katika mkoa wa Kigoma. Mchikichi humea vizuri kwenye ukanda wa chini wa mkoa huo kando ya Ziwa Tanganyika, na mawese ni zao la asili la biashara huko, wakati nyanda za juu za Kasulu na Kibondo zinajulikana zaidi kwa mahindi, maharage na muhogo. Hata hivyo michikichi mingi ya wakulima ni ya aina ya zamani, yenye kokwa kubwa na nyama kidogo, na hukamuliwa kwa mashine ndogo au kwa mikono. Mawese hayo hayakutosha kulisha viwanda vikubwa vya pwani. Mwaka 2018 serikali ilianza kampeni ya kufufua zao hilo mkoani Kigoma ikiongozwa na Waziri Mkuu Kassim Majaliwa, na kituo cha utafiti cha TARI Kihinga kilipewa kazi ya kuzalisha miche ya aina ya Tenera, yenye kokwa nyembamba na mafuta mengi zaidi. Katika bajeti ya 2018/19 ushuru wa mafuta ya kula kutoka nje ulipandishwa ili kulinda wazalishaji wa ndani. Wakati huo Dewji alikuwa amekwisha kuondoka bungeni.

Siasa

Dewji aligombea ubunge wa Singida Mjini, jimbo la mji alikozaliwa, katika uchaguzi mkuu wa 2005. Uchaguzi huo ulipangwa kufanyika mwezi Oktoba lakini uliahirishwa hadi 14 Desemba, baada ya mgombea mwenza wa urais wa CHADEMA kufariki dunia. Dewji alishinda akiwa na umri wa miaka 30, akawa mmoja wa wabunge vijana wa Bunge hilo. Alichaguliwa tena mwaka 2010.

Nchini Tanzania mbunge wa jimbo si mtunga sheria wa Dodoma pekee. Kwa sheria ni mjumbe wa halmashauri ya eneo lake pia, na hukaa pamoja na madiwani kujadili barabara, maji, shule, zahanati na masoko. Tangu mwaka 2009 mbunge amekuwa pia mwenyekiti wa kamati ya Mfuko wa Kuchochea Maendeleo ya Jimbo, unaopokea fedha kutoka serikali kuu. Wananchi humpima mbunge wao zaidi kwa mambo haya kuliko kwa hotuba zake bungeni.

Katika miaka yake 10 Dewji alijulikana kwa kutoa fedha zake binafsi kwa ajili ya huduma za jimbo, hasa maji, elimu na afya. Wafuasi wake waliona kwamba mtu mwenye uwezo hana haja ya kutafuta utajiri kupitia ofisi ya umma. Wenye mashaka waliuliza swali jingine: jimbo likizoea visima na madarasa kutoka mfukoni mwa mbunge, litamdai nani huduma hizo siku atakapoondoka? Na mgombea asiye na fedha atapata wapi nafasi?

Mwaka 2015 Dewji alitangaza kwamba hatagombea tena, akisema anataka kutumia muda wake katika biashara na kazi za kijamii. Katika uchaguzi wa Oktoba mwaka huo jimbo lilibaki mikononi mwa CCM kupitia Mussa Ramadhani Sima.

Mjadala wa biashara na uongozi

Njia aliyoipita Dewji isingewezekana miaka 20 kabla yake. Azimio la Arusha la mwaka 1967 lilimkataza kiongozi wa chama au serikali kuwa na hisa katika kampuni yoyote, kuwa mkurugenzi wa kampuni binafsi, kupokea mishahara miwili au zaidi, na kuwa na nyumba za kupangisha. Chini ya masharti hayo mmiliki wa kiwanda cha mafuta asingeweza kuwa mbunge. Masharti yalilegezwa na Halmashauri Kuu ya CCM katika kikao chake cha Zanzibar cha mwaka 1991, na uamuzi huo ukaitwa Azimio la Zanzibar.

Mahali pa katazo palichukuliwa na utaratibu wa uwazi. Sheria ya Maadili ya Viongozi wa Umma ya mwaka 1995 inamtaka kiongozi, akiwemo mbunge, kutoa tamko la mali na madeni yake kwa Sekretarieti ya Maadili. Bungeni, mbunge mwenye maslahi katika jambo linalojadiliwa anatakiwa kuyataja kabla ya kuchangia.

Watetezi wa utaratibu huu husema kwamba Bunge linahitaji watu wanaojua namna ajira zinavyozalishwa na namna kodi inavyoathiri viwanda. Wapinzani wake husema kwamba kutaja maslahi hakuyaondoi. Mfano wa mafuta ya kula unaonyesha ugumu wenyewe. Bunge ndilo hupitisha sheria ya fedha ya kila mwaka, na viwango vya ushuru vinavyokubaliwa ndani ya Jumuiya ya Afrika Mashariki hutokana na mapendekezo ya serikali zinazosimamiwa na mabunge. Mbunge wa jimbo la wakulima wa alizeti ambaye pia husafisha mawese ya kutoka nje anawakilisha pande zenye matakwa tofauti, hata kama hatendi kosa lolote.

Suala la fedha katika uchaguzi lilijadiliwa katika miaka hiyohiyo. Marekebisho ya sheria ya uchaguzi ya mwaka 2000 yaliruhusu wagombea kutoa "takrima", yaani ukarimu wa kawaida kwa wapiga kura. Mwaka 2006 Mahakama Kuu iliyafuta vifungu hivyo, ikiona vinafungua mlango wa rushwa na kuwabagua wagombea wasio na uwezo. Mwaka 2010 ikatungwa Sheria ya Gharama za Uchaguzi, iliyoweka kikomo cha matumizi ya wagombea na vyama. Rais Jakaya Kikwete alitamka katika muhula wake wa kwanza nia ya kutenganisha biashara na siasa kwa sheria, lakini hadi Dewji anaondoka bungeni katazo la aina ya Azimio la Arusha halikuwa limerudishwa.

Kutekwa mwaka 2018

Alfajiri ya 11 Oktoba 2018 Dewji alitekwa na watu wenye silaha alipofika kufanya mazoezi katika hoteli ya Colosseum jijini Dar es Salaam. Alikuwa anaendesha gari mwenyewe bila walinzi, jambo alilokuwa amelizoea. Habari hizo zilishtua nchi nzima. Polisi walianza msako na familia yake ikatangaza zawadi ya shilingi bilioni 1 kwa atakayetoa taarifa za kusaidia kupatikana kwake.

Usiku wa kuamkia 20 Oktoba aliachwa huru karibu na viwanja vya Gymkhana, katikati ya jiji, akiwa hai. Katika ujumbe wake wa kwanza alimshukuru Mungu, Watanzania waliomwombea, na jeshi la polisi.

Soka

Dewji ni shabiki wa Simba Sports Club tangu utotoni na aliwahi kuidhamini klabu hiyo kabla hajawa mbunge. Mwaka 2017, Simba ilipokuwa inabadili mfumo wa umiliki kutoka klabu ya wanachama kwenda kampuni, alishinda zabuni ya kununua asilimia 49 ya hisa kwa ahadi ya shilingi bilioni 20. Asilimia 51 zilibaki kwa wanachama.

Simba ilitwaa ubingwa wa Ligi Kuu Tanzania Bara misimu 4 mfululizo, kuanzia 2017/18 hadi 2020/21, na ilifika robo fainali ya Ligi ya Mabingwa Afrika mwaka 2019 na 2021. Dewji aliachia uenyekiti wa bodi mwezi Septemba 2021 akibaki mwekezaji. Mfumo wa klabu yenyewe umeendelea kujadiliwa na wanachama, hasa kuhusu mgawanyo wa madaraka kati yao na mwekezaji.

Kazi za hisani

Mwaka 2014 alianzisha taasisi ya Mo Dewji Foundation, inayoshughulika na elimu, afya, maji na uwezeshaji wa jamii. Mojawapo ya miradi yake ni ufadhili wa masomo kwa wanafunzi wa vyuo vikuu.

Mwaka 2016 alikuwa Mtanzania wa kwanza kujiunga na Giving Pledge, mpango ulioanzishwa na Wamarekani Bill Gates, Melinda Gates na Warren Buffett, ambao matajiri huahidi kutoa angalau nusu ya mali zao kwa kazi za hisani wakiwa hai au katika wasia wao. Ahadi hiyo ni ya hiari na haina nguvu ya kisheria.

Tazama pia

Azimio la Arusha
Azimio la Zanzibar
Mchikichi
Alizeti
Singida Mjini
Simba Sports Club